Miti ya Pamba Nyuma ya Jiko

Ziba, Jumatano, Aprili

Hivi kwa nini sikumwambia tu?

Asubuhi nilipasua vitumba sita vya pamba, vitano vikawa na funza. Najua walikotoka. Kila baada ya mavuno marehemu baba alituamuru tung'oe miti yote ya pamba na kuichoma, maana funza hujificha humo. Bati la nyumba hii lilinunuliwa kwa pamba yake. Mimi mwaka jana nilifanya uvivu. Kuni ziko mbali, nikairundika ile miti nyuma ya jiko niwe napikia.

Jioni akaja Mama Kulwa, jirani tunayepakana naye mashamba. Pamba yake nayo imeliwa. Yeye alichoma miti yake yote, nilimwona kwa macho yangu.

"Nisamehe, Mama Neema," akasema. "Nadhani funza wametoka kwangu. Labda sikuchoma vizuri."

Nilipaswa kusema pale pale.

"Usijali, Mama Kulwa. Mambo ya Mungu."

Akanishukuru! Nikamkaribisha uji. Akawa anakunywa na kuusifu, nami naisukuma ile miti ya pamba ndani ya moto asije akaiona.