Pamba Masikioni

Pasiansi, Mwanza

Mjukuu wangu Asimwe,

Marahaba. Hapa tu wazima, ila mama yako halali vizuri tangu useme kwamba Jumapili utaimba sauti ya pili peke yako, kwa kuwa wenzako wanaumwa. Unauliza ufanyeje usivutwe na sauti ya kwanza.

Nilipohamia hapa kutoka Bukoba, wanakwaya ndio walikuwa ndugu zangu pekee. Kila sauti ilijifunza kivyake: sisi wa pili nyuma ya kanisa, besi kwenye tangi la maji. Tulipounganisha, nilivutwa kila mara. Mwalimu akasema nikivutwa tena, nitoke. Kwa hofu nikaziba masikio kwa pamba.

Siku hiyo kwaya ilipandisha sauti kidogo kidogo, kama ilivyozoea ikiimba bila kinanda. Mimi nisiyesikia nikabaki chini, tena kwa uhakika kabisa.

"Wewe wa Bukoba," mwalimu akafoka, "unaimba kwenye harusi ya nani?"

Wote wakacheka. Mzee mmoja wa besi akanichomoa pamba. "Binti, nisikie mimi kwanza, halafu uimbe yako."

Nikamsikiliza, na juu ya noti yake nikaikuta yangu. Niliimba hadi mwisho, na sikuvutwa.

Basi Jumapili usizibe masikio. Mtafute besi. Mwombe mtu anipigie simu mkianza. Nitaishika kwenye sikio la kulia, maana la kushoto siku hizi limejiziba lenyewe. Uimbe kwa nguvu kidogo.

Bibi yako