Maji Aliyoyaomba Strickland

Harwich, 3 Septemba 1967

Kaka Leonard mpendwa,

Salamu nyingi kutoka nyumbani. Natumaini wewe, wifi na watoto mko salama huko Australia. Mimi mzima. Mama goti linamsumbua, ila ulimi wake haujambo.

Umeuliza kwa nini ile redio ya melini imenyamaza. Ngoja nikueleze.

Unajua baba ndiye aliyewapelekea watu wa redio hiyo maji na chakula tangu walipotia nanga nje ya mipaka ya serikali, wakaanza kutupigia muziki ambao redio ya taifa ilitubania. Unajua pia alivyozama Januari. Usichojua ni kwamba asubuhi ile alikataa kutoka kwa sababu ya dhoruba. Strickland, mwenye redio, akamwambia mbele yangu gatini, "Mzee, kama unaogopa mawimbi, kaa nyumbani ufume soksi." Baba akaenda. Polisi walipouliza, Strickland akasema hamjui.

Mwezi uliopita sheria mpya ikakataza kuwapelekea hata mkate. Wenye boti wote wakaingiwa na woga. Strickland akanitumia mvuvi mmoja kuniambia maji yanawaishia. Nikaenda na boti ya mjomba, mikono mitupu. Strickland akainama ukingoni mwa meli huku akicheka.

"Beryl, binti yangu! Maji yako wapi?"

"Binti yako tangu lini? Sema kwanza redioni nani alimtuma baba."

"Jamani, hayo si yamepita?"

"Kwako. Sema, ndipo maji yaje."

Jumapili akasema. Mama alikuwa anamenya viazi. Aliposikia, "Clifford Tye alikataa, mimi nikamlazimisha," alijifunika uso kwa aproni, akalia. Mtaa mzima ulisikia.

Sasa hili, kaka, hata mama halijui. Maji sikupeleka. Mapipa yalikuwa yamejaa, yako gatini tayari. Nikayamwaga yote baharini. Kesho yake boti ya uokoaji iliwaleta vijana wa redio wakiwa hoi, midomo imepasuka. Hao niliwaonea huruma. Strickland alishuka wa mwisho, polisi wakamdaka.

"Uliniahidi, Beryl," akasema.

Nilimtazama mpaka gari la polisi likakata kona.

Vijana wa hapa wanamlaani aliyewanyima muziki wao, wala hawajui ni mimi. Mimi pia niliipenda redio ile, kaka. Jioni nawasha, nasikia mvumo mtupu. Lakini mapipa yale ningeyamwaga tena leo hii.

Mwandikie mama, umtulize. Habari ya maji ibaki kwako. Wabusu watoto.

Dada yako akupendaye,
Beryl Tye