Mama Alivyopiga Simu Redioni

Neville, uko wapi? Sijui uso wangu niufiche wapi.

Nilikuwa redioni hapa Wakefield. Mtangazaji kaniuliza bendi yetu mimi na wewe, ya muziki wa panki, ile roki ya makelele, ilianzaje. Nikamwaga uongo uleule niliouimba kwenye albamu tatu: eti mama alinifukuza nyumbani kwa sababu ya gitaa, nikalala gereji.

Simu ikaingia. MAMA, Neville! Mubashara!

"Wewe Colin, nilikufukuza lini? Gereji niliwaachia mfanyie mazoezi, gari langu likanyeshewa nje. Na suruali yako ya matobo, si uliniomba mwenyewe niichane kwa mkasi?"

Mtangazaji kacheka hadi kakohoa.

Halafu mama, taratibu: "Jumapili utakuja kula, au bado nimekufukuza?"

Nikamwomba mtangazaji aweke wimbo, Neville. Wowote, ila si wetu.