Kiti cha Nyuma ya Pazia

3 Machi

Shangazi mpenzi,

Shikamoo. Magoti yamepoa? Mimi mzima, mafua tu.

Nimepata kazi kwenye ukumbi wenu. Nakaa nyuma ya pazia na kitabu cha mchezo; mwigizaji akisahau, namnong'oneza. Mwongozaji anasema sauti yangu ya chini ndiyo aliyokuwa akiitafuta. Hajui wewe ni nani kwangu.

Nafasi yako ya mama kapewa Bi Nyota. Jana alichechemea kama wewe, wenzake wakacheka. Lakini pale mama anapomlaani mwanawe, husahau kila mara. Siku ya kwanza ya maonyesho nikifunga mdomo, ataumbuka. Niambie nifanye nini.

Mwanao

11 Machi

Mwanangu,

Marahaba. Magoti ni yale yale. Mafua, kunywa maji ya moto.

Miaka thelathini nimekuwa hakimu, mlevi, muuguzi, mzimu mara tatu. Watu wanazijua sura zote hizo, yangu hawaijui. Huyo Nyota ndiye aliyemwambia mwongozaji kwamba nimeanza kusahau, naye akaamini. Mtu niliyekuwa nikimtafunia maneno jukwaani kila aliposahau!

Funga mdomo. Nitakuja kukaa safu ya mbele.

Shangazi yako

20 Machi

Shangazi,

Shikamoo. Natumaini ulifika salama, uliondoka bila kuniaga.

Alipokwama aligeukia pazia, midomo ikaniambia, "Binti, tafadhali." Kidole changu kilikuwa kwenye mstari uleule. Nilinyamaza. Ndipo ukasimama pale chini ukaitoa ile laana yote, neno kwa neno, watu wakapiga makofi wakidhani ndivyo mchezo ulivyo. Nilifurahi.

Baadaye mwongozaji akakurudishia nafasi yako, akaniuliza nani kanituma. Nikasema hakuna. Akanifukuza. Wewe ulikuwa kando yangu, unafunga mkoba.

Utamwambia ukweli?

Mwanao

6 Aprili

Shangazi,

Shikamoo. Natumaini u mzima, maana sijapata jibu.

Nimekutana na Bi Nyota dukani. Nilimwomba radhi, nikamwonyesha barua yako. Aliisoma mara mbili, hakunitukana. Amepewa kiti changu cha nyuma ya pazia mpaka ajifunze kukumbuka. Anasema mchezo wako mpya unaanza Ijumaa, na una maneno mengi kuliko yote uliyowahi kukariri.

Aliuliza kama anaweza kubaki na barua. Nimemwachia.

Binti wa kaka yako