Kilio Nilichomwimbia Nyabuto Akiwa Hai

Birongo, Jumapili jioni, 1976

Hatimaye nimemwambia Nyabuto. Kwa ugonjwa huu, sikutaka kufa na siri hiyo.

Katika ile filamu ya mizimu tuliigiza kwa majina yetu wenyewe: mimi mpiga obokano, kinubi chetu kikubwa, yeye mchekeshaji wa sokoni aliyelala jenezani. Niliambiwa nipige nyuzi tu. Lakini watu walikuwa wakimshangilia yeye, nikaona wivu, nikaimba kilio halisi cha mazishi nikimtaja kwa jina. Mtu mzima, mwalimu! Tangu siku hiyo, kila akikohoa naogopa kwamba nimemwitia kifo.

Leo alicheka hadi akashika mbavu.

“Mwalimu, wangapi husikia kilio chao? Ila kumtaja mama yangu ulisahau kabisa. Pona kwanza, uimbe upya.”

Nimeketi kitandani, natafuta ubeti wa mama yake.