Mkono Kinuni

Kumasi, 4 Machi

Nana wangu,

Shikamoo. Goti linaendeleaje huko Mampong? Sisi wazima, ila kinu chetu kimekauka.

Baba na Mama hawagombani, Nana. Wana adabu mpaka naogopa. "Serwaa, mwambie baba yako maji ya kuoga tayari." Na Baba yupo palepale! Fufu ya muhogo na ndizi hatutwangi tena, tunakula wali wa kununua. Nilimwambia Baba atwange, mimi nigeuze donge kinuni kwa mkono. Mama akasema nitapondwa vidole. Nikasema, basi geuza wewe kama zamani. Akaingia jikoni.

Jana Baba alifunga sanduku. Eti safari ya kazi, Takoradi. Mbona amebeba na kente, nguo yao ya harusi?

Mjukuu wako,
Serwaa

Mampong, 9 Machi

Serwaa mke mwenzangu,

Goti bovu, mdomo mzima. Wasomee hii wote wawili, kwa sauti: Jumamosi nakuja kula. Fufu ya unga wa pakiti sigusi. Mwanangu aende Takoradi akishanilisha, nimemzaa mwenyewe!

Wewe shika bakuli la maji tu, usiseme neno. Na usiogope, mama.

Nana wako mlafi

Kumasi, 17 Machi

Nana wangu,

Shikamoo. U mzima kweli? Tulikungoja, akaja dereva wa basi na muhogo na ndizi zako tu!

Wakatwanga hivyo hivyo, wakidhani unakuja na basi la nyuma. Baba alishusha mchi polepole, Mama anachovya mkono kwenye bakuli langu la maji, anageuza. Mama akasema, "Wewe, unatwanga au unabembeleza?"

"Naogopa kukuumiza."

"Mwaka mzima hukuogopa, leo ndiyo unaanza?"

Lo! Nikabana mdomo kama ulivyoniambia. Mama akaanza kulia, mkono bado umo kinuni. Baba akausimamisha mchi juu, akangoja. Hakumharakisha. Halafu akasema, "Nisamehe, Akyaa." Siku nyingi sijamsikia akimwita kwa jina. Mama akajifuta kwa kiwiko, akasema, "Twanga basi, mama yako ana njaa."

Fufu ilikuwa na mabonge, Nana, na tuliimaliza yote. Waliongea mpaka supu ikapoa.

Sanduku bado liko mlangoni, lakini kente Mama ameitoa, ameitundika kabatini kwake. Asante, Nana. Asante sana sana. Ulitudanganya, na nakupenda.

Baba anauliza kama Jumamosi ijayo pia utashindwa kuja.

Mjukuu wako,
Serwaa