Simu Yangu Haifutwi

Jumatano. Mvua inanyesha hapa Makiso tangu asubuhi, nguo hazikauki, na mimi sina huzuni hata kidogo. Nina hasira. Leo hasira inanifaa.

Kuna mwanamume amezungushia ua kiwanja changu cha Lubunga.

Vita vilipofika mtaani kwetu, upande ule wa mto, nyumba yetu iliungua na karatasi ya kiwanja ikaungua nayo. Tumehifadhiwa upande huu zaidi ya mwaka sasa. Mwezi uliopita nikasikia habari za huyo mwanamume, kwamba anadai kile kiwanja alikinunua zamani. Nilikwenda ofisi ya ardhi ya huko huko Lubunga. Karani alinisikiliza vizuri, kisha akasema bila karatasi, au walau nakala yake, hana la kuandika. Wakatupangia siku ya kusikilizwa, mimi na huyo mwanamume.

Siku yenyewe ni kesho.

Nakala ninayo. Kabla ya vita niliipiga picha karatasi ile ili nimtumie kaka yangu aliyeko Banalia. Mtandao ukagoma, nami nikaiacha humo humo ndani ya simu. Simu yenyewe ilivunjika kioo siku tuliyokimbia, ikakaa kwenye mfuko wa nguo, imezimika, nami nikawa natumia kasimu kadogo ka vitufe. Wiki iliyopita nilimpelekea fundi. Akaweka kioo kipya, akaichaji, ikawaka. Nusura nimkumbatie.

Halafu simu ikaniomba namba sita za siri.

Sikuzijua.

Naona aibu kueleza kwa nini, lakini nitaeleza. Siku ile, kwenye kizuizi, vijana walininyang'anya simu watazame picha, wajue mimi ni wa upande gani. Mmoja aliniuliza binti yangu Furaha alizaliwa lini. Nikamjibu, kama mjinga. Akabonyeza tarehe ile ile na simu ikafunguka mkononi mwake, akawa anatazama watoto wangu huku akicheka. Waliniachia nikapita. Ndani ya pirogi, mtumbwi wa kuvukia mto, watu wakasema kuna kizuizi kingine tunakoshukia. Nikazibadilisha namba hapo hapo. Tulipofika ufukweni watu walisukumana, simu ikaniponyoka, ikakanyagwa. Namba zile mpya sikuzitumia tena hata mara moja.

Kwa fundi nilijaribu kila tarehe ninayoijua. Simu ikanifungia nusu saa, kisha saa nzima.

"Mama, simu iko muzima," fundi akaniambia. "Lakini bila code, tunafuta yote, inakuwa ya mupya."

"Usifute kitu."

"Bon. Basi itakuwa ya bure."

"Itakuwa ya bure, lakini yangu."

Nyumbani mume wangu naye alikuwa amechoka. Vita vimemchosha kuliko anavyokubali. "Acha hiyo parcelle, hicho kiwanja, Mama Furaha. Sisi tuko wazima, inatosha."

Haitoshi. Sikumwambia, lakini naandika hapa: haitoshi.

Jumapili, katikati ya misa, nikakumbuka. Zile namba sikuzibuni mimi. Ndani ya pirogi nilikuwa nimebanana na jirani yangu, Mama Zaina, nikamwambia, nipe namba ambayo hakuna mtu anaweza kuniuliza. Akanitajia sita, taratibu. Sikumuuliza ni za nini.

Mama Zaina sasa anaishi Yanonge kwa dada yake. Namba yake ya simu? Imo ndani ya simu iliyofungwa.

Kwa hiyo Jumatatu nikampikia mume wangu pondu, yaani kisamvu, ya kumtosha siku mbili, nikapanda mashua ya mota iteremkayo mto. Alisema nimepata wazimu. Labda.

Nilimkuta Mama Zaina anakausha samaki juu ya moshi. Tulishikana tukalia kwanza, kama inavyopaswa. Kisha nikamweleza. Akageuza samaki mmoja, kisha mwingine, nikaogopa amesahau.

"Nitasahau je?" akasema. "Ni siku Zaina alizaliwa."

Zaina alikufa kwa surua akiwa mdogo, kabla sijahamia mtaa ule. Mimi nimemwita mama yake kwa jina hilo miaka yote, wala sikuwahi kumuuliza mtoto alizaliwa lini.

"Hakuna mutu ananiulizaka tena hiyo siku," akasema. "Ndiyo sababu nilikupa."

Akazitaja. Nikabonyeza. Simu ikafunguka.

Karatasi imo. Mhuri unasomeka, jina langu linasomeka. Na kuna picha nyingine niliyokuwa nimeisahau: Furaha amesimama mlangoni kwetu, na nyuma yake ukuta wa Mama Zaina na kamba yake ya nguo. Mama Zaina aliitazama mpaka kioo kikazimika. Kisha akafuta mikono kwenye kitenge, akamwita dada yake. "Unichungie hawa samaki. Niko napanda na huyu. Waniulize mimi nani alikuwa jirani yangu."

Tulifika jana. Leo nimetoa nakala nne mjini, nikazifunga kwenye plastiki kwa ajili ya mvua.

Mchana huu yule mwanamume wa ua ametuma mtu kwa mume wangu: wanawake wasijisumbue kuvuka mto na hali ya hewa hii. Mume wangu alimsikiliza akiwa mlangoni, akamwacha aende. Akaichukua simu mezani, akaitazama nyumba yetu pichani, na mlango wake alioupaka rangi mwenyewe.

Halafu akauliza, bila kunitazama:

"Pirogi ya kwanza inavuka saa ngapi?"

Saa kumi na mbili asubuhi. Tutakuwa watatu. Na wakituuliza ufukweni tunakwenda wapi, jibu ninalo: kwetu.